Kuzingatia

Kibanda changu kiko hatua arobaini toka geti la mahakama,
Tabora mjini, upande wa kivuli cha asubuhi.
Nachapa, natoa nakala, nabana pini.
Miaka tisa nimemchapia Mwalimu Mihayo Lugusi,
mkuu wa chuo cha ualimu cha dayosisi.
Kanisa lilijenga kuta,
serikali inaleta ruzuku, chaki na mkaguzi.

Kesi yake naijua kama namba yangu ya simu.
Wakuu wa vyuo vya serikali wana ngazi yao.
Yeye, kazi ileile, mitihani ileile,
wanafunzi mia nne na kisima kimoja,
hulipwa ngazi ya mwalimu wa darasani
na posho ya madaraka isiyojaza tangi la pikipiki.
Waraka ulisema wakuu wa vyuo vyenye ruzuku
watalipwa "kwa kuzingatia" ngazi za serikali.
Neno moja.

Wakili wa serikali alisimama, miwani puani:
Mheshimiwa, kuzingatia ni kutia maanani.
Unaweza kuyazingatia mawingu
na bado ukatoka bila mwavuli.
Wakili wa Mwalimu akainuka:
daktari akikwambia zingatia dozi,
unakaa ukikitazama kidonge?
Watu walicheka mpaka karani akagonga meza.
Kesi ikaahirishwa.

Mwaka wa tatu kidole changu kiliteleza.
Hati ya kiapo, ukurasa wa kwanza kabisa:
Mimi, Mihayo Lugusi, mkuu wa choo.
Hakuna aliyeona mpaka ndani, mbele ya jaji.
Nilimngoja na pesa yake mkononi nimrudishie.
Akakaa kwenye benchi, akatoa kalamu,
akakata o, akaandika u, nakala zote sita,
na sahihi ndogo pembeni kila mahali.
"Kwa mshahara wanaonipa," akasema, "hukukosea sana."
Ndiyo mara pekee niliyomsikia akitania.

Pesa ya wakili ilitoka kwa nyuki.
Mkewe, Nyanzobe, ana mizinga kule Sikonge;
kila tarehe ya kesi ndoo moja ya asali ilishuka kwenye basi,
mwaka wa ukame nusu ndoo,
na wakili akauliza kulikoni.

Mimi nilipoanza, ukurasa ulikuwa mia tatu.
Karatasi ikapanda, nikapandisha.
Wino ukapanda, nikapandisha.
Leo ni elfu moja.
Sikuapa, sikuita shahidi,
nilibadilisha kadibodi ukutani tu.
Siku ile nilipoibadilisha alisimama mbele yake
muda mrefu, kama mtu anayesoma hukumu.
Akalipa. Hakuomba kupunguziwa.

Hukumu yenyewe ilisomwa Novemba,
mvua ya kwanza ikipiga bati, nusu haikusikika.
Kuzingatia, alisema jaji, ni kufuata.
Alipwe tofauti yote, tangu siku ya waraka.
Nyanzobe alipiga kigelegele kimoja, kifupi,
akaziba mdomo kwa khanga.

Alipwe na nani?
Dayosisi ikasema: ngazi ni ya serikali, mfuko uwe wa serikali.
Wizara ikasema: mwajiri ni dayosisi.
Tukafungua hukumu pamoja mezani kwangu,
yeye kwa kidole, mimi kwa rula.
Ukurasa wa kumi na tisa, mstari wa mwisho:
alipwe na mhusika.

Alikuja tena jana. Amestaafu tangu Juni,
mafao yamepigwa kwa ngazi ileile ya zamani.
Mkononi kikopo cha asali, kimefungwa nailoni.
"Leo sina hela," akasema, "nina hiki."
Akavuta benchi.
"Andika: maombi ya kutafsiriwa neno."

Nikawasha mashine. Nikatia karatasi.
Jina lake vidole vinalijua vyenyewe,
lakini nilipofika kwenye cheo nilipunguza mwendo:
aliyekuwa mkuu wa
c,
h,
u. Nikasimama, nikaitazama ile u,
ndipo nikapiga o.